Maswali na Majibu: Wezi na Wauaji katika Filamu Bubu

Swali: Je, Sherlock Holmes, yule mpelelezi wa hadithi za kubuni, aliwahi kuigizwa kabla filamu hazijapata sauti?

Jibu: Aliigizwa, na mara ya kwanza hakufua dafu. Katika "Sherlock Holmes Baffled", iliyopigwa Marekani mwaka 1900 na isiyofika hata dakika moja, mwizi anatia vyombo vya fedha mfukoni, kisha kila anapokaribia kukamatwa anatoweka, na mwishowe anaponyoka dirishani na mfuko wake. Ujanja wenyewe ni mwepesi: kamera husimamishwa, mwigizaji huondoka, kamera huendelea. Hayo yote yalitazamwa na mtu mmoja mmoja, akiwa ameinama kwenye tundu la mashine na kuzungusha mpini.

Swali: Bila maneno, mtazamaji alijuaje kwa nini mtu ameua?

Jibu: Mara nyingi hakujua wala hakuhitaji kujua, kwa sababu kisu na kasha la fedha hujieleza. Mwongozaji filamu Ferdinand Zecca wa Ufaransa, hata hivyo, alijaribu kueleza. Katika "Histoire d'un crime" ya mwaka 1901, muuaji wa mfanyakazi wa benki amelala gerezani, na juu ya kitanda chake, katika jukwaa dogo lililojengwa ukutani, maisha yake ya nyuma yanaigizwa kama ndoto, tangu alipokuwa mtu wa kazi na familia hadi baa ilipomteka. Kwangu mimi, ndoto hiyo inatisha kuliko gilotini, ile mashine ya kukata kichwa, inayofuata.

Swali: Jambazi wa "The Great Train Robbery", filamu ya Marekani ya mwaka 1903, anampiga nani risasi mwishoni?

Jibu: Anakupiga wewe uliyeketi. Mwigizaji Justus Barnes anaikabili kamera, akionekana kwa karibu kuanzia kifuani kwenda juu, na kufyatua bastola, ingawa tukio hilo halina uhusiano wowote na hadithi. Katalogi ya kampuni ya Edison, iliyoitengeneza filamu hiyo, ilimruhusu mwonyeshaji kuliweka mwanzoni au mwishoni, apendavyo. (Tazama pia anayetupwa kutoka kwenye treni: ni mwanasesere.)

Swali: Je, hiyo ndiyo filamu ya kwanza ya uhalifu?

Jibu: Hapana. Zilizotajwa hapo juu ziliitangulia, na mwaka huohuo wa 1903, miezi kadhaa kabla yake, Frank Mottershaw wa Sheffield, Uingereza, alikwisha kuonyesha mwizi akipigana na polisi juu ya paa, akikimbizwa hadi kwenye treni, kisha akikamatwa anaposhuka kituoni.