Re: King'ora cha moto kinarudi kulia kila nikibonyeza riseti

Ndugu, unasema mtu alibonyeza kile kiboksi chekundu cha ukutani, moto haukuwepo, na kila ukibonyeza riseti kwenye paneli (kisanduku kikuu kinachoendesha ving'ora) kelele zinaanza upya. Paneli yako ni nzima. Inalia kwa sababu kiboksi bado kimebonyezwa, na riseti ya paneli haiwezi kukirudisha chenyewe.

Kama mmeshakagua na kuhakikisha hakuna moto, nyamazisha ving'ora kwanza, halafu soma paneli inaonyesha zoni gani, yaani sehemu gani ya jengo. Nenda ukakitafute kiboksi hicho. Aina nyingi za siku hizi zina kipande cha plastiki kinachoingia ndani kikisukumwa, na mara nyingi alama ya rangi hutokea juu yake. Chini ya kiboksi kuna tundu la ufunguo mdogo wa plastiki: uingize, sukuma au zungusha kutegemea muundo, mpaka kipande kirudi mahali pake na alama ipotee. Kama ni cha kioo, kioo kilichovunjika hakirudi. Weka kipya cha aina ileile. (Tafadhali usibandike gundi wala karatasi, nimeshaona!)

Sasa ndiyo urudi kwenye paneli ubonyeze riseti. Nyingi zinadai ufunguo au namba ya siri.

Ikilia tena, kagua viboksi vingine vya zoni hiyo, huenda kuna cha pili kilichobonyezwa. Ukikosa, mwite fundi. Usizime umeme wa paneli. Betri zake zitaendelea kuiwasha.