Baba anauza shamba la ukoo ili alipe rehani: afanyeje mtoto?

Umeuliza kama unaweza kumzuia baba yako, ambaye ndiye karta (mkuu anayesimamia mali ya ukoo) wa familia yenu ya Kihindu huko India, asiuze shamba lote la ukoo kwa sababu ya rehani ndogo. Pole. Kwa zuio la mahakama, usitegemee sana: katika kesi ya Sunil Kumar ya 1988, Mahakama ya Juu ilisema mwanafamilia asubiri mauzo ndipo ayapinge. Muda wa kufungua kesi ni miaka 12 tangu mnunuzi alipolishika shamba.

Kulipa rehani ni haja halali, yaani sababu inayomruhusu karta kuuza, lakini kuuza ekari kumi kwa deni ambalo ekari mbili zingelimaliza ni jambo lingine. Hapo mnunuzi ndiye mwenye mzigo wa kuthibitisha kwamba haja ilikuwepo, au kwamba aliulizia kwa nia njema.

Mimi ningelikomboa shamba kwanza kwa kulipa rehani. Andaa deni lote na riba. Kifungu cha 60 cha Sheria ya Uhamishaji Mali ya 1882 hakiruhusu ulipie fungu lako tu, na wengi hukwama hapo. Mkopeshaji akikataa pesa, ziweke mahakamani kwa kifungu cha 83. Riba husimama tangu siku ulipompa deni lote akakataa. Ukishalipa, kifungu cha 92 kinakupa nafasi ya mkopeshaji, uwadai wenzako mafungu yao.

Na dada zako waingize kwenye kesi. Tangu 2005 mabinti wana haki katika mali ya ukoo kwa kuzaliwa, sawa na yako.