Kwa nini nilikuwa nazima redio

Mwanangu,

Ujumbe wako wa Jumapili nimeusoma mara mbili. Unasema ulikuwa kwenye matatu, Siku ya Mama, dereva akaweka ule wimbo wa mtoto anayempelekea mamake bili jikoni, abiria wakanyamaza, na wewe ukakumbuka kwamba mimi nilikuwa nauzima kila ukianza. Unauliza kama nilikuwa nawaficha machozi. Hapana. Ni jambo la zamani zaidi, ngoja nikueleze.

Wimbo huo unaitwa "No Charge", yaani bila malipo, na ni wa 1974. Melba Montgomery, mzaliwa wa Tennessee, anauongea zaidi ya kuuimba, kama jirani anayekusimulia kitu akiwa ameegemea mlango, na mwaka huo ulipanda mpaka nambari moja kwenye muziki wa kantri kule Marekani. Sisi tuliusikia Molo, kwenye idhaa ya Kiingereza ya Sauti ya Kenya. Redio ilikuwa ya mjomba wako. Betri zikichoka tulizianika juani kama mahindi, zikapata nguvu ya nusu saa hivi. Mjomba alikuwa kidato cha pili, na pale nyumbani hakuna mwingine aliyeweza kufuata Kiingereza cha puani.

Nyanya yako alikuwa amekaa kwenye kigoda akimenya viazi. Mjomba akatafsiri mbiombio, akikimbizana na yule mama wa redioni. Kukata nyasi, dola 5. Kutandika kitanda chake wiki nzima, dola 1. Kwenda dukani, senti 50. Kucheza na mdogo wake, senti 25. Kutupa taka, dola 1. Kuleta ripoti nzuri ya shule, dola 5. Kukusanya majani uani, dola 2. Jumla, dola 14 na senti 75. Wakati huo dola moja ilikuwa shilingi 7 na kitu, na mjomba, kwa kupenda sifa, akapiga hesabu papo hapo: zaidi ya shilingi 100!

Nyanya yako akasimamisha kisu. "Kitanda anacholalia mwenyewe?"

Basi yule mama wa kwenye wimbo anageuza karatasi na kuandika upande wa pili. Miezi tisa ya mimba, bure. Kukesha na kuomba ukiwa mgonjwa, bure. Chakula, nguo, hata kukupangusa kamasi, bure. Mtoto anasoma, machozi yanamlenga, anachukua kalamu na kuandika kwamba deni limelipwa lote. Mjomba wako, kijana na sauti yake mpya nzito, alikuwa ameanza kukwama kooni. Tukamgeukia nyanya yako tuone kama naye analia. Alichukua kiazi kingine.

"Kama hadai," akasema, "mbona amehesabu?"

Nilicheka siku ile. Lakini unakumbuka mwaka uliokuwa darasa la nane? Ulitaka pesa za safari ya shule, nami nilikuwa nimetoka shambani na mgongo unaniuma, nikakuanzia: nilivyokubeba, nilivyouza ndama ukiwa mgonjwa, karo, viatu, sare, moja baada ya nyingine, na sikukosa hata moja. Ulisimama pale mlangoni mpaka nikamaliza. Hukujibu. Uliosha vyombo vyote, hata vilivyokuwa safi. Baada ya wiki kadhaa nikafungua daftari lako la hesabu nikakuta umejaza kurasa zote, ukaingia pembeni, ukaandika mpaka ndani ya jalada, kwa herufi ndogo kama chungu. Hukutaka kuniomba lingine.

Daftari nilikununulia. Neno la kukuambia sikulipata, na sijui kama hata leo ninalo. Ndipo nikaanza kuuzima wimbo. Kila yule mama akigeuza karatasi, mimi nilikuwa naliona jalada lile.

Usinielewe vibaya, wimbo wenyewe ni mzuri. Mwaka 1976 J.J. Barrie wa Kanada aliurekodi ukafika nambari moja Uingereza, na Shirley Caesar alikuwa tayari ameupeleka kwenye injili, akauongea kwa namna ya mhubiri. Watu wote hao hawakukosea. Ila aliyeutunga ni mwanamume, Harlan Howard, na huwa najiuliza mama angeuandika vipi. Pengine ungekuwa mfupi sana.

Pesa ulizotuma nimezipata, nimenunua mbolea. Mwezi ujao usitume, maliza kwanza mambo ya nyumba yako.

Na siku hizi siuzimi tena. Melba alifariki Januari 2025, wakaucheza redioni, nami nikauacha mpaka mwisho nikiwa na viazi vyangu mapajani. Ile ya kutandika kitanda chake mwenyewe bado inanichekesha.

Mamako