Wadogo zangu wa tasnifu, ulizeni mtu analala kwa nani

Mwezi uliopita niliketi katika kikao cha kusikiliza mapendekezo ya utafiti ya wanafunzi wa uzamili hapa Nairobi, na kati ya mapendekezo saba, manne yalihusu vitabu vinavyosimulia maisha ya wapenzi wa jinsia moja na ya watu wengine wanaosukumwa pembezoni kwa sababu ya jinsia na mapenzi yao. Nilifurahi kwa dhati, kwani nilipoanza mimi, mwanafunzi aliyetaja mada hiyo alishauriwa kwa upole aende akaandike juu ya taswira ya mama katika riwaya. Furaha yangu ilidumu hadi slaidi ya tatu. Tasnifu zote nne zilipangwa ziwe na sura moja ya jinsia, sura moja ya tabaka, sura moja ya ujinsia, na hitimisho lililotaja "makutano" karibu kila aya. Nilizitambua sura hizo mara moja, maana niliwahi kuziandika mwenyewe. Ndiyo sababu ninawaandikia, kwa upendo na pia kwa haraka kidogo, kabla hamjafika kwenye utetezi wa tasnifu zenu.

1. Nadharia ya makutano, yaani wazo kwamba ubaguzi wa rangi, wa jinsia, wa tabaka na mwingineo unaweza kumpata mtu mmoja kwa pamoja, msiilete kama pambo la sura ya pili. Kimberlé Crenshaw alipoipa jina mwaka 1989 hakuwa anahakiki riwaya. Alikuwa msomi wa sheria aliyesumbuliwa na hukumu za mahakama za Marekani. Katika mojawapo ya kesi alizozichambua, wanawake watano Weusi walikuwa wameishtaki kampuni ya General Motors, ambayo haikuwa imewaajiri wanawake Weusi kabla ya mwaka 1964, na ambayo ilipopunguza wafanyakazi kwa kufuata nani alitangulia kuajiriwa, wao ndio waliotoka. Mahakama ilisema kuwa kampuni ilikuwa ikiajiri wanawake tangu zamani, ingawa wanawake hao walikuwa Wazungu, na ikawakatalia walalamikaji kuunganisha dai la rangi na dai la jinsia. Walitakiwa wachague moja, ilhali hasara yao ilitokana na yote mawili kwa mpigo. Crenshaw alitoa mfano wa njia panda, ambapo mtu anaweza kugongwa na gari la upande wowote na pengine na magari ya pande kadhaa kwa pamoja. Aliyewahi kuvuka raundiabauti ya Globe hapa Nairobi kwa miguu saa kumi na mbili jioni hahitaji kuelezwa zaidi.

Sasa rudini kwenye mpangilio wenu wa sura: jinsia, tabaka, ujinsia, kila moja chumbani mwake. Mpangilio huo ndio hukumu ya ile mahakama, nanyi mnaiandika upya kwa kurasa mia moja na ishirini.

Chukueni riwaya ya "La bastarda", yaani mwanaharamu, ya Trifonia Melibea Obono wa Guinea ya Ikweta, iliyotoka mwaka 2016. Okomo, mhusika mkuu, ni msichana wa jamii ya Wafang aliyefiwa na mama, anayelelewa kwa babu na bibi na anayetamani kumjua babake. Msomaji mwenye haraka hudhani kuwa anaitwa haramu kwa sababu anawapenda wasichana, kumbe jina hilo alizaliwa nalo, kwa kuwa babake hakulipa mahari ya mamake. Mjomba wake Marcelo, anayewapenda wanaume, ametengwa na kijiji, lakini angalau Kifang, lugha yao, kina jina la mwanamume kama yeye. Kwa msichana kama Okomo hakina neno. Katika mwili wa binti mmoja mna deni la mahari, uyatima, amri ya bibi juu ya mwanamke anavyopaswa kuwa, na mapenzi yasiyo na jina. Ukiiweka mahari katika sura ya utamaduni na mapenzi katika sura ya ujinsia, umekikata kitabu vipande kama kuku, halafu unashangaa hakitembei.

2. Riwaya hiyo iliandikwa kwa Kihispania. Ukiisoma kwa Kiingereza, mtaje mfasiri, na usijenge hoja ya kurasa tatu juu ya neno ambalo mwandishi hakuliandika.

3. Mwandishi si mhusika wake. James Baldwin alikuwa Mmarekani Mweusi, lakini David anayesimulia "Giovanni's Room", riwaya ya mwaka 1956, ni Mzungu, na swali la kwa nini rangi imeondoka kwenye uso wa msimulizi lina utajiri kuliko sura nzima ya wasifu wa Baldwin.

4. Chagueni maneno yenu mapema na mtetee uchaguzi huo. Kule Pwani mwanamke humwita rafiki yake wa kike "shoga" anapomwomba sukari au anapomtolea siri ya nyumba, na neno hilo hilo hutupiwa mwanamume kama jiwe. Mwanafunzi wangu mmoja, kijana mwenye bidii ambaye bado ninampenda, alikuta "shoga yangu" katika mazungumzo ya akina mama wawili wakichambua mchele na akaandika kurasa nne juu ya mapenzi yao ya siri. Nilimpeleka kwa shangazi yangu anywe chai na asikilize. Mshairi Mweusi wa Marekani Audre Lorde alichukua kutoka Carriacou, kisiwa cha Karibi cha asili ya mamake, neno "zami", linalowataja wanawake wanaofanya kazi pamoja wakiwa marafiki na wapenzi, akalifanya jina la kitabu chake cha mwaka 1982. Hakuanza na istilahi ya darasani; alianza na neno lililokuwa tayari midomoni mwa watu, akaeleza limebeba nini.

5. Ukurasa wa shukrani. Hapa nitakaa, kwa sababu ndipo nilipokosea kosa ambalo bado linaniamsha usiku.

Mwaka 2012 nilikuwa ninaandika juu ya "Jambula Tree", hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda iliyopata Tuzo ya Caine ya hadithi fupi za Kiafrika mwaka 2007. Niliisoma katika nakala ya fotokopi niliyoazimwa na rafiki yangu. Alikuwa ameitia springi katika duka moja la mjini, akaivika ukurasa wa michezo wa gazeti ili ndani ya matatu ionekane kitu kingine. Pembezoni aliandika kwa penseli, herufi ndogo zilizolalia kushoto. Katika hadithi hiyo Anyango na Sanyu ni wasichana wa mtaa mmoja waliokutwa pamoja usiku, na kosa lao machoni pa majirani ni moja. Lakini Sanyu anapelekwa London, na Anyango anabaki mtaani chini ya ulimi wa Mama Atim. Pembeni mwa habari hiyo rafiki yangu aliandika neno moja tu: "Nauli."

Kutokana na neno hilo nilipata sura yangu bora kabisa. Nilieleza kwamba aibu ni ya wote wawili lakini njia ya kuikimbia ni ya mmoja, na kwamba huwezi kusoma mapenzi yao bila kuuliza nani ana uwezo wa kuondoka. Wasahihishaji waliisifu. Nami, kwa kuwa nilitaka kuwa mwaminifu kwa aliyenipa wazo, niliandika katika ukurasa wa shukrani majina yake yote matatu, nikaongeza kwamba alinifundisha kutokana na maisha yake mwenyewe mambo ambayo vitabu havikuniambia. Nilimwomba ruhusa, akasema sawa. Sote wawili tulikuwa tunawaza nakala nyeusi zenye maandishi ya dhahabu, zinazolala kwenye rafu ya maktaba bila kusumbuliwa na mtu.

Baada ya miaka miwili hivi maktaba iliziweka tasnifu zote kwenye intaneti. Binamu yake, aliyekuwa anamsaidia kutafuta kazi, aliandika jina lake ili aone kinachojitokeza. Iliyotokea juu kabisa ilikuwa tasnifu yangu, yenye "mapenzi ya jinsia moja" katika mada. Rafiki yangu alikuwa anakaa mtaa wa Umoja kwa mjomba wake. Mjomba huyo ndiye aliyekuwa pia analipa karo ya dada yake mdogo, aliyekuwa kidato cha tatu, kwa sababu wazazi wao walikwisha kufariki. Alitolewa nyumbani Jumapili jioni akiwa na begi moja, na muhula uliofuata dada yake hakurudi shuleni.

Nilikimbilia ofisi zilizohusika. Nikaambiwa kwamba tasnifu iliyokwisha kupokelewa haibadilishwi bila barua ya msimamizi, kisha barua ya idara, kisha kikao. Kuondoa mistari miwili kulichukua miezi mitano. Nilichanga nilichoweza kwa ajili ya karo, na dada yake alirudi darasani akiwa nyuma ya wenzake.

Nilipomwomba msamaha, tukiwa tumesimama nje ya kituo cha mabasi kwa sababu hakutaka tuketi, hakupandisha sauti. Alisema, "Uliniuliza kama naogopa watu kujua. Hukuniuliza nalala kwa nani."

Nilikuwa nimeandika kurasa arobaini juu ya nauli. Nilikuwa na kazi ya kufundisha, nyumba niliyoipanga kwa jina langu na mshahara usiopita mikononi mwa mjomba yeyote. Nilipopima hatari niliipima kwa upande mmoja tu, upande wa mapenzi, nikasahau uyatima, karo, paa na mkono uliolishika paa hilo. Yeye ndiye aliyenionyesha njia panda hiyo kwa penseli, na mimi ndiye niliyemsimamisha katikati yake. Tunasalimiana hadi leo na tunakula pamoja mara moja moja, lakini hajawahi kuniazima kitabu tena.

Kwa hiyo ninapowaambia mfute majina, msinijibu kwamba mtu mwenyewe ametia sahihi fomu ya ridhaa na kwamba kibali cha utafiti mnacho. Ridhaa ya leo hutolewa kwa dunia ya leo, na tasnifu yenu itakuwa mtandaoni siku mtakayopokea shahada.

6. Sheria iandikeni kwa usahihi. Vifungu vya 162 na 165 vya Kanuni ya Adhabu ya Kenya, ambavyo Mahakama Kuu ilikataa kuvibatilisha tarehe 24 Mei 2019, vinahusu matendo ya ngono, wala si vitabu. Filamu ya "Rafiki" iliyotokana na "Jambula Tree" ilipigwa marufuku nchini mwaka 2018 na bodi ya filamu, ambayo ni mamlaka nyingine yenye sheria nyingine. Mwanafunzi wa nne katika kikao kile alikuwa amevichanganya vyote katika sentensi moja, nami nikamwita ofisini kwangu wiki iliyofuata ili tuitenganishe. Tulimaliza kwa dakika kumi. Kisha akanionyesha kwa fahari rasimu ya ukurasa wake wa shukrani. Palikuwa na msimamizi wake, mamake, na jina la tatu, kamili, la mtu aliyemsaidia "kuuelewa ulimwengu huu kutoka ndani".

Nilimuuliza huyo wa tatu analala kwa nani. Alifikiri, akasema hajui. Akachukua simu yake akatoka kwenda kumpigia, na nilipofunga ofisi nusu saa baadaye alikuwa bado yuko mwisho wa korido, ameegemea dirisha, anasikiliza.