Mleta mada, mwaga hayo maji kwanza

Mwaga hayo maji sasa hivi, halafu ndiyo urudi kusoma. Umesema umemwokota yule chura mkubwa mwenye vinundu mgongoni, anayekoroma usiku, umemtia kwenye tangi la kioo ukalijaza maji "ajisikie kwao". Unauliza anakula nini, anaishi miaka mingapi, na kama akikukojolea utaota chunjua.

Mkuu, mimi nilifanya hivyo hivyo. Maji shubiri nzima, hakuna jiwe wala kigogo. Jioni nikamwona anaparamia kioo, vidole vinateleza, anaparamia tena. Nikasema mwenzetu anafurahia kuogelea. Kumbe anatafuta pa kutokea! Asubuhi nimemkuta chali, miguu imenyooka. Chura, kafa maji. Chekeni tu, nimeshazoea.

Aliyeniuzia lile tangi ndiye aliyeniapia: "Chura na samaki kitu kimoja, wewe jaza." Nadhani hajawahi hata kumshika chura. Na methali nayo ina lawama yake, ile ya kelele za chura na ng'ombe kunywa maji. Tumekua tukidhani makazi yake ni kisimani. Zile kelele ni madume wanaita majike msimu wa kuzaliana. Jike akishataga ile mikufu mirefu ya mayai, kila mtu anatoka zake. Siku nyingine zote huyu (vitabuni ni Sclerophrys gutturalis) ni wa nchi kavu: nyikani, bustanini, mchana chini ya jiwe au gogo, usiku chini ya taa akivizia wadudu. Hata maji hanywi kwa mdomo. Anakalia udongo mbichi, ngozi ya tumbo inafyonza.

Si chura dhaifu. Mwaka 1922 alipelekwa Mauritius akale wadudu wa miwa, akatapakaa kisiwani. Kisiwa kizima hakikumshinda, mimi nikamshinda kwa ndoo mbili.

Kwa hiyo: udongo wenye unyevu, mahali pa kujificha, na kisahani cha maji yasiyopita tumbo lake akiwa amekaa. Basi. Au mrudishe usiku huu pale pale ulipomtoa, ndiyo bora zaidi. Chunjua ni hadithi za utotoni, ila nawa mikono na mzuie mbwa, zile tezi nyuma ya macho zina sumu.

Umeshamwaga?