Triko ya mtoto kufumuka

Mama, umeuliza kwa nini uzi mmoja ukikatika triko (sweta) ya mtoto inafumuka mstari mzima, na kitenge kikichanika hakifanyi hivyo. Kitenge kina nyuzi za mtande (za urefu) na za mshindio (za kukatiza), zinapishana juu na chini, zinabanana. Triko ni uzi uliokunjwa vitanzi, kila kitanzi kinashikiliwa na cha juu yake. Kimoja kikiachia, vya chini vinafuata kama ngazi. (Hata tisheti imefumwa hivyo, ila kwa mashine.)

Usiukate huo uzi unaoning'inia! Chukua sindano ya kroshe, kamata kitanzi cha chini kilichobaki wazi, vuta ndani yake uzi uliolala juu yake kama kidato cha ngazi, panda hivyo hadi juu, kisha funga fundo. Kwa baridi hii ya Bukavu, fanya leo.