Kuandika filamu na mume wako: jina na pesa kwanza

Mimi na mume wangu tunaandika skripti pamoja hapa Los Angeles. Wadogo zangu wanaotamani kazi hii na waume zao huanza kuniuliza habari za ugomvi. Tunagombana, ndiyo, kama watu wowote wanaoshiriki meza moja ya kazi. Ningependa zaidi waniulize habari za jina na pesa, maana hapo ndipo nimeona ndoa na kazi vikiharibika kwa pamoja.

Hollywood, nani aandikwe kuwa mwandishi wa filamu huamuliwa kwa kanuni za chama cha waandishi, WGA. Walioandika bega kwa bega kama timu, majina yao huunganishwa kwa alama ya &. Walioandika kwa nyakati tofauti hutenganishwa kwa neno zima, “and”. Tazama Jurassic World ya 2015: Rick Jaffa & Amanda Silver, kisha “and”, kisha Colin Trevorrow & Derek Connolly. Watu wanne, timu mbili. Jaffa na Silver ni mume na mke.

Timu hulipwa kama mwandishi mmoja. Ada ni ile ile, mnagawana. Wanandoa wengi hawalioni tatizo, kwa kuwa pesa inaingia nyumba moja. Lakini kwa miaka mingi hata kikomo cha michango ambayo studio humlipia mwandishi kwa pensheni na bima ya afya kiligawanywa kati ya wanatimu. Mgomo wa waandishi wa 2023, uliodumu siku 148 na kuzaa mkataba mpya na studio, ndio uliobadilisha jambo hilo: sasa kila mmoja katika timu huhesabiwa michango yake kana kwamba ameandika peke yake. Katika nyumba kama yetu, ambamo hakuna mwenye ajira nyingine ya kutuletea bima, kipengele hicho kimoja kinanigusa kuliko vingine vyote vya mkataba ule.

Ninayejifunza kwake zaidi ni Amanda Silver. Alisomea uandishi wa filamu chuo kikuu cha USC, na The Hand That Rocks the Cradle ya 1992 ilitoka ikiwa na jina lake peke yake kama mwandishi. Jaffa alitokea kwenye uwakala, yaani kuwatafutia wasanii kazi. Dada, kama unaweza, fanya hivyo: uwe na walau kazi moja ya jina lako mwenyewe kabla ya kuunganisha kalamu na mumeo. Utaingia kwenye timu ukiwa mtu kamili machoni pa wenye studio, na hakuna atakayenong’ona kwamba umebebwa.

Baadaye Jaffa akawa anakusanya habari za magazeti kuhusu sokwe waliolelewa majumbani kama watoto kisha wakawageuka waliowalea. Wazo likakua, wakalipeleka studio ya Fox, na mwaka 2011 ikatoka Rise of the Planet of the Apes. Wao ndio waandishi, na wamo pia miongoni mwa maprodyuza. Hilo la pili ndilo watu hulipita bila kulitazama. Ukiiuzia studio skripti, studio inakuwa mwenye mali, na kesho inaweza kumwita mwandishi mwingine aibomoe. Prodyuza anabaki na kiti mezani mwongozaji anapotafutwa na waigizaji wanapochaguliwa. Wazo likiwa lenu tangu mwanzo, ombeni nafasi hiyo mapema, mkiwa bado mnatakiwa.

Upande wa kuandika kwenyewe, kila nyumba na utaratibu wake. Frances Goodrich na mumewe Albert Hackett, walioandika The Thin Man ya 1934, kila mmoja aliandika sini ile ile kivyake, kisha wakabadilishana na kukosoana. Sisi tunasoma mazungumzo kwa sauti jikoni, yeye akisoma wahusika wa kike na mimi wa kiume. Mwenzako akijikwaa mara mbili kwenye sentensi ile ile, sentensi hiyo ina kasoro, hata kama uliipenda.

Kisha kuna vikao. Katika kikao kimoja, prodyuza alimgeukia mume wangu kwa kila swali, hata la mhusika niliyemuumba mimi. Mume wangu akamwambia, “Huyo ni wa mwenzangu, muulize yeye,” akanyamaza. Tangu siku hiyo mimi ndiye ninayefungua hadithi, naye anamalizia. Pangeni hilo mkiwa bado nyumbani.

Na mwandikiane. Najua kwetu kumwekea mume mkataba kunaonekana kama kumtilia shaka. Lakini Nancy Meyers na Charles Shyer waliandika pamoja tangu Private Benjamin ya 1980, ambayo Meyers pia alikuwa prodyuza wake, kisha ndoa yao ikavunjika. Meyers akaendelea kuandika na kuongoza kwa jina lake, kwa sababu jina hilo lilikuwa limeandikwa tangu mwanzo. WGA ina fomu ya makubaliano ya waandishi wanaoshirikiana: skripti ni ya nani mmoja akijitoa katikati, na inauzwa kwa sahihi ya nani. Sisi tuliijaza kabla ya skripti ya kwanza, na tunaipitia upya kila tunapoanza kazi mpya. Hadithi niliyoileta mimi, jina langu linatangulia. Aliyoileta yeye, linatangulia lake.